Kamba ya Nailoni na Asidi ya Batri

Ndugu mfanyakazi wa Kama, kamba ya nailoni unayoshukia shimoni haitoki shambani kama katani. Inatoka kiwandani, kwa dawa mbili. Chembe zake zinashikana kama pete za mnyororo, na kila zinaposhikana zinatoa maji kidogo. Wallace Carothers wa Marekani aliipata mwaka 1935.

Asidi kali ya batri inaivunja kazi hiyo: maji yanarudi, pete zinaachana, kamba inakatika.

Kwa hiyo:

1. Usiweke kamba karibu na batri.

2. Ikiguswa na asidi, hata ikionekana nzima, ikate vipande, uitupe.

3. Nanyi akina mama, msiichukue kutekea maji kisimani.

Kamba inanunuliwa, uhai haununuliwi.