Mtoto Aliyekosa wa Kucheza Naye

Mtoto wa Luberizi husikia lugha nyingi: nyumbani pengine Kifuliiru, sokoni Kiswahili, shuleni Kifaransa nacho. Sasa sikilizeni habari za mtoto aliyeruhusiwa lugha moja tu.

Alizaliwa Yerusalemu mwaka 1882. Baba yake, Eliezer Ben-Yehuda, alitaka Kiebrania kiwe tena lugha ya nyumbani. Wayahudi walikisoma katika sala na vitabu, lakini kwa zaidi ya miaka 1,500 watoto hawakunyonya maziwa pamoja na lugha hiyo. Baba akaamuru: mwanangu asisikie neno la lugha nyingine.

Watoto wa jirani walisema lugha zao. Hawakumwelewa, wala yeye hakuwaelewa. Akakaa ndani. Akakawia kusema, hata watu wakadhani ni bubu. Husimuliwa kwamba siku moja mama yake, Devora, alimbembeleza kwa wimbo wa Kirusi. Baba akaghadhibika sana. Maskini mama! Alikuwa akiimba tu.

Tena maneno yalipungua. Utamwitaje mwanasesere, kama vitabu vya kale havimtaji? Baba akatunga neno: buba.

Mtoto akakua, akawa mwandishi wa magazeti, Itamar Ben-Avi. Alikufa mwaka 1943. Leo mamilioni husema Kiebrania, na watoto hugombania buba kwa lugha hiyo. Baba alishinda, lakini aliyelipa ni mtoto.

Maswali: Kwa nini mtoto huyu hakucheza na jirani zake? Wewe na wenzako hucheza kwa lugha gani?