Majina Yaliyogeuka Maneno

Kila siku nyumbani mwetu twatamka majina yatokayo katika Maandiko Matakatifu pasipo kufahamu. Hatusemi juu ya majina ya ubatizo, kama Yosefu na Maria, bali juu ya maneno ya kawaida ambayo hapo kale yalikuwa majina ya watu au ya mahali. Leo twapenda kueleza manne. Wazazi huyatumia mbele ya watoto wao, na mara nyingine huyatumia juu yao.

La kwanza ni binadamu. Neno hili limetoka katika Kiarabu, na maana yake ni mwana wa Adamu. Ndiyo sababu twasema pia mwanadamu. Katika Kiebrania jina la Adamu lapatana na adama, yaani udongo, ambao Kitabu cha Mwanzo chasema mtu aliumbwa kwao. Basi kila amwitaye jirani yake binadamu, awe wa kabila lolote au dini yoyote, amekwisha kukiri kwamba wote wawili ni wana wa baba mmoja. Ndugu zetu Waislamu hulitumia kwa maana ile ile.

La pili ni firauni. Kwa Wamisri wa kale maana yake ilikuwa nyumba kubwa, yaani jumba la mfalme. Baadaye mfalme mwenyewe akaitwa hivyo. Kitabu cha Kutoka chatusimulia juu ya Farao aliyeamuru watoto wa kiume wa Waisraeli watupwe mtoni, na juu ya mwingine aliyeshupaza moyo asiwaachilie watu wa Mungu. Kwa hiyo katika Kiswahili jina hilo limekuwa tusi: firauni ni mtu mwovu asiye na haya. Mzazi amwitaye mwanawe firauni kwa sababu amevunja chungu, amempa jina la muuaji wa watoto.

La tatu ni jehanamu. Hili lilikuwa jina la bonde lililo kusini mwa Yerusalemu, Bonde la Hinomu, kwa Kiebrania Ge-Hinomu. Humo wafalme Ahazi na Manase waliwateketeza wana wao motoni, wakifuata ibada za mataifa. Mfalme Yosia akapatia unajisi mahali pale ili mambo hayo yasitendeke tena. Baadaye jina la bonde likawa jina la mahali pa adhabu. Fikirini, enyi wazazi: jehanamu ilipata jina lake mahali ambapo akina baba waliwachoma watoto wao wenyewe. Je, yafaa kulitamka kama laana juu ya mtoto uliyemzaa?

La nne ni msamaria. Leo magazeti yakiandika kwamba msamaria mwema amemwokota majeruhi barabarani, kila mtu huelewa. Lakini zamani za Bwana wetu, Wayahudi na Wasamaria hawakupatana, na jina hilo lilikuwa la dharau. Injili ya Yohane, sura ya 8, yasimulia kwamba watu walimtukana Yesu mwenyewe kwa kumwita Msamaria. Naye, katika mfano ulioandikwa na Luka, alimchagua Msamaria awe ndiye aliyemhurumia mtu aliyepigwa na wanyang'anyi. Hata neno "mwema" halimo katika mfano ule. Limeongezwa na watu baadaye. Hivyo tusi likageuka kuwa sifa, kwa ajili ya tendo moja la huruma.

Basi yatupasa tufanye nini? Mtoto akikosa, tutaje kosa lake, tusimbandike jina. Tumwambie, "Umesema uongo," wala tusimwambie, "Wewe ni firauni." Kosa laweza kuungamwa na kusamehewa, lakini jina baya humganda mtoto hata ukubwani, na mwishowe yeye mwenyewe huliamini.

Jioni moja ya juma hili, kabla ya sala ya familia, baba au mama asome Luka, sura ya 10, aya ya 25 hadi 37. Kisha awaulize watoto: nani shuleni kwenu huitwa kwa jina la dharau, na ninyi mwamwitaje?