Mafunzo Niliyopata Nikimuuguza Mama

1. Usimsahihishe

Nilifundisha hesabu hadi kustaafu, na kalamu nyekundu haijanitoka. Kila nilipokwenda Muheza kumtazama Mama, akaniuliza baba yuko wapi, nilimjibu, "Mama, baba alifariki mwaka 1998." Alilia kana kwamba msiba umeingia siku hiyohiyo. Baada ya chai akauliza tena, nami nikamfiwisha upya. Nilidhani ukweli ukirudiwa utamkaa. Kumbe Alzheimer, ugonjwa alionao Mama, huanza kwa kuharibu sehemu ya ubongo inayotunza mambo mapya, na ya zamani hubaki kwa miaka. Ndiyo maana hakunitambua mimi mwenye mvi, lakini aliwataja mmoja mmoja wanyapara wa shamba la mkonge alikokulia.

Aliyenipa somo ni mdogo wangu wa kike, ambaye hesabu zilimshinda darasani kwangu. Mama alipomuuliza swali lile, alimjibu: "Umemkumbuka mzee, Mama? Alipenda kula nini?" Mama akaanza na samaki wa kupaka, akaenda mbali, machozi yakakauka. Siku hizi naitikia majonzi yake. Swali naliacha lipite.

2. Akibadilika ghafla, mpeleke hospitali

Daktari Alois Alzheimer aliueleza ugonjwa huu mwaka 1906, nasi bado tunauita uzee, au tunatafuta mchawi. Mama alipoanza ghafla kuongea na watu tusiowaona, majirani walinong'ona kwamba karogwa. Mimi msomi nikatangaza kwamba ugonjwa umepanda daraja. Wote tulikosea. Alipopimwa mkojo alikutwa na maambukizi, akatumia dawa, akatulia. Alzheimer hutambaa, haivamii. Na mzee anaweza kuwa na maambukizi bila homa wala maumivu. Akili ndiyo hutangulia kuyumba.

3. Pesa ya simu haikeshi na mgonjwa

Sisi wanawe wa kiume tulituma pesa na kujiita walezi. Mdogo wetu wa kike alitandika mkeka mlangoni, kwa sababu Mama huamka usiku wa manane akitaka kurudi "kwao". Jua likianza kushuka, wasiwasi wake huongezeka. Wagonjwa wengi wa aina hii wako hivyo. Nilibaki naye mdogo wangu alipokwenda harusini. Usiku wa kwanza sikulala, wa pili nikamfokea Mama. Mdogo wangu aliporudi alinitazama macho tu, akacheka.

Tukaitisha kikao, tukapanga zamu za kulala Muheza. Kaka wa Dar es Salaam akasema ana kazi. Tukamuuliza, na huyu anayelala mlangoni, hiyo yake inaitwaje? Amepangiwa wiki ya kwanza ya kila mwezi.