SOMO LA UFUNDI: Chaja ya betri ya zahanati na mto uliomo ndani yake



Katika toleo hili tunaleta somo ambalo kamati kadhaa zimeliomba baada ya kupitia maombi ya fedha kutoka Katindiuka, Ifakara. Mstari mmoja wa maombi yale uliwasumbua wengi. Ulihusu chaja za betri za volti 12 kwa ajili ya taa za chumba cha kujifungulia, na bei yake ilikuwa mara kadhaa ya bei ya chaja zinazouzwa sokoni Ifakara mjini. Swali lililoulizwa lilikuwa la haki kabisa: chaja si chaja tu? Tunajibu kwa kueleza jinsi chaja ya namna hii inavyosanifiwa, kuanzia plagi hadi kwenye vibano vya betri. Si lazima msomaji awe fundi. Hesabu zilizomo ni za kuzidisha na kugawanya tu.

Tuanze na mahali penyewe. Bonde la Kilombero ni jirani wa mitambo mikubwa ya umeme, Kidatu yenye megawati 204 na Kihansi yenye megawati 180, lakini ujirani huo haumhakikishii mtu wa mwisho wa laini umeme uliotulia. Kipimo rasmi ni volti 230. Sisi tunasanifu kwa volti 160 hadi 260, kwa sababu jioni watu wakiwasha kila kitu umeme hulegea, na usiku wakizima huweza kupanda. Pili, Katindiuka ni tambarare. Masika yakikolea na Mto Lumemo ukifurika, sakafu ya saruji huvuta unyevu kutoka chini kwa wiki nyingi. Mkunga anafanya kazi akiwa na mikono iliyolowa, amevaa kandambili au hakuvaa kitu. Betri iko pembeni, na vibano vyake ni chuma kitupu ambacho mtu yeyote anaweza kukigusa.

Hapo ndipo penye uzito wa jambo. Mwili wa mtu ambaye ngozi yake imelowa huzuia umeme kwa kiasi cha omu 1,000 hivi. Volti 230 zikipita kwenye omu 1,000 zinatoa miliampia 230. Mkono husikia umeme kuanzia nusu ya miliampia hivi. Kuanzia miliampia 10 misuli inaweza kukaza mtu ashindwe kuachia. Ukipita miliampia 30 au 50 kifuani kwa zaidi ya sekunde moja, moyo unaweza kupoteza mpigo wake. Kwa hiyo kazi ya kwanza ya chaja, kabla hata ya kujaza betri, ni kuhakikisha kwamba vibano vile havina undugu wowote na waya wa moto wa ukutani.

Vifaa visivyo na utengano

Vifaa vingi vya bei rahisi havina utengano huo, na wala havikudai kuwa nao. Tochi za kuchaji zenye plagi yake mwenyewe ni mfano mzuri. Ukiifungua, mara nyingi utakuta kapasita moja ya kupunguza umeme, dayodi nne, na betri ndogo. Hakuna transfoma. Inapochajiwa, betri ile ya volti 4 imeungana moja kwa moja na umeme wa ukutani, na kinachomlinda mtu ni ganda la plastiki tu. Kama tochi ganda lake ni zima, haina ubaya mkubwa. Lakini kijana mbunifu akitoa nyaya mbili nje ili achaji simu au awashe taa ya pili, ametoa nje waya wa moto. Tumeviona vifaa hivyo katika nyumba za ibada na za watumishi, na tunaomba kamati ziviulizie.

Wazee wa redio walitumia transfoma kubwa ya chuma, na hawakukosea. Nayo hutenganisha: koili mbili haziguswani, nguvu inavuka kwa usumaku. Ubaya wake ni uzito, shaba nyingi, na kwamba umeme ukishuka hadi volti 160, upande wa pili nao hushuka kwa uwiano uleule na betri haijai. Ndiyo maana tunatumia pawa saplai ya kukatakata, ambayo mafundi huiita suichi modi.

Kivuko

Wenyeji wa Ifakara wanakumbuka kivuko cha Mto Kilombero cha kwenda Ulanga, kabla Daraja la Magufuli halijazinduliwa rasmi mwaka 2018. Pantoni inapakia ng'ambo hii, inaondoka, inashusha ng'ambo ile. Mizigo inavuka, lakini kingo mbili za mto hazishikani. Chaja yetu inafanya kazi hivyohivyo. Umeme wa ukutani unageuzwa kuwa wa mkondo mmoja na kuhifadhiwa kwenye kapasita kubwa. Transista inafunga, na koili ya kwanza ya transfoma inapakia nguvu katika usumaku. Transista inafungua, na koili ya pili inashusha nguvu ile kupitia dayodi hadi kwenye betri. Safari hizo ni 65,000 kwa sekunde. Kwa kuwa kila safari hubeba mzigo mdogo sana, transfoma yenyewe inaweza kuwa ndogo ya kutosha kiganjani. Kiini chake si chuma bali feraiti, na katikati ya kiini kuna mwanya mwembamba ulioachwa makusudi, maana nguvu nyingi inayopakiwa inakaa kwenye mwanya huo. Fundi asiujazie gundi akidhani ni ufa.

Tuweke namba. Betri ya volti 12 huwekwa katika hali ya kujaa kwa volti 13.8. Tukitaka ampia 2, tunahitaji wati 27.6. Tukikubali kwamba moja ya tano ya umeme unaoingia itapotea kama joto, tunachukua wati 34.5 kutoka ukutani. Ukigawa kwa safari 65,000, kila safari inabeba kama nusu ya milijouli.

Upande wa kwanza, volti 260 za ukutani zikigeuzwa zinafikia kilele cha volti 368. Kapasita nyingi za sokoni zimeandikwa volti 400, na karatasini zinatosha. Sisi tunaweka za 450, kwa kuwa joto la bondeni na umeme unaopanda usiku ni washirika wabaya. Koili tunazungusha kwa uwiano wa 7 kwa 1, tuseme mizunguko 70 na 10. Transista inapofungua, volti za upande wa pili, ambazo pamoja na dayodi ni kama 14.5, zinarudi upande wa kwanza zikiwa zimezidishwa mara 7, yaani volti 101 hivi. Jumlisha na 368: transista inabeba 469. Ongeza mruko mkali wa muda mfupi unaotokea kila inapofungua, ambao unaweza kufika volti 100 au zaidi, na transista ya volti 600 imebaki na nafasi ndogo mno. Tunachagua ya 800. Tofauti ya bei kati ya hizo mbili ni ndogo, na radi za Novemba haziulizi bei.

Hadi hapo chaja inachaji, na fundi mzuri anaweza kufika hapo kwa siku chache mezani. Kinachobaki ndicho kinacholipiwa.

Mto wenyewe

Chora mstari katikati ya bodi. Kushoto ni upande wa moto, kulia ni upande wa baridi. Hakuna njia ya shaba inayoruhusiwa kuvuka mstari huo, hata ile ya sifuri. Upana wa mto unapimwa juu ya uso wa bodi, si hewani tu, kwa sababu vumbi likichanganyika na unyevu huwa njia ya umeme. Kwa ofisi safi, viwango vya kimataifa vya vifaa vya ofisini hukubali milimita 5 kwa umeme wa volti 250 penye utengano ulioimarishwa. Kwa mahali penye vumbi na unyevu upana huo unafika milimita 8, na milimita 8 hizohizo ndizo zinazodaiwa na kiwango cha vifaa vya tiba IEC 60601-1 pale mgonjwa anapolindwa kikamilifu. Kwa Katindiuka hatuoni sababu ya kubishana: ni 8. Fungua chaja nyingi za bei ya chini na utakuta 2 au 3.

Ndani ya transfoma mto unaendelea. Koili ya pili tunaizungusha kwa waya wenye ganda la tabaka tatu, ili tabaka moja likitobolewa yabaki mawili. Waya huo ni ghali kuliko waya wa kawaida wa kupakwa vanishi, na kwa macho ukishamaliza kufunga tepu hauoni tofauti. Hii ni sehemu mojawapo ambayo mtengenezaji asiye mwaminifu hubana matumizi.

Kuna vitu vitatu tu vinavyoruhusiwa kuvuka mto. Transfoma tumeisema. Cha pili ni optokapla, maana upande wa baridi lazima uuambie upande wa moto kwamba betri imefika volti 13.8 na safari zipunguzwe. Kwa kuwa waya hauruhusiwi, habari inapelekwa kwa mwanga: taa ndogo ndani ya kijumba cheusi inawaka, na jicho lililo ng'ambo linaiona, kama mtu anayempungia tochi nahodha wa pantoni kutoka ukingo wa pili. Optokapla ya PC817, ambayo ni ya kawaida sana, imesanifiwa kuhimili volti 5,000 kati ya taa na jicho. Lakini miguu yake ina nafasi ya milimita 7.62 tu kati ya safu na safu, na vitone vya shaba vya kulehemu vinapunguza nafasi hiyo zaidi. Kwa hiyo tunaipanua miguu, na chini yake tunakata mfereji kwenye bodi ili vumbi lisipate daraja.

Cha tatu ni kapasita ndogo ya buluu ambayo watu wengi hawaielewi, na ndiyo inayoua. Inawekwa kuvuka mto ili kutuliza makelele ya safari zile 65,000, yasiharibu redio ya jirani. Kwa kawaida ni ya nanofaradi 2.2, ya daraja la Y1. Kwa volti 230 na hezi 50 inapitisha miliampia 0.16, chini ya kile mkono unachosikia. Mpiga kinanda wa kwaya akisema chombo "kinamtekenya", mara nyingi ni hii, au kadhaa za namna hii zilizojumlishwa kutoka vyombo vilivyounganishwa pamoja.

Sasa fikiria chaja imeharibika na fundi wa mtaani hana kapasita hiyo. Anachomoa moja kutoka redio mbovu, ya nanofaradi 100. Chaja inawaka, mteja anafurahi, analipa. Lakini hesabu ni ileile: sasa zinapita miliampia 7.2, karibu na kiwango cha mkono kushindwa kuachia. Na hiyo ni kapasita ikiwa nzima. Ya Y1 imetengenezwa na kujaribiwa ili ikifa isiwe daraja. Ya kawaida ikifa huweza kuungana kabisa, na miliampia 230 za mwanzo wa somo letu zinarudi. Sakitibreka ya usalama ya miliampia 30, kama jengo linayo, inaweza kumwokoa mtu hapo. Majengo mengi ya vigango hayana.

Kupima kabla ya kupokea

Kila chaja inayoingia Katindiuka tunaipima hivi. Ikiwa haijachomekwa, miguu miwili ya plagi inaunganishwa pamoja, na vibano viwili vya betri vinaunganishwa pamoja. Kisha mita ya kupima maganda ya nyaya inapeleka volti 500 kati ya pande hizo mbili. Tunataka usomaji usiopungua megaomu 7. Chaja nzima husoma mamia. Kipimo tunakirudia mwezi wa Aprili, katikati ya masika, kwa kuwa chaja iliyofaulu Oktoba inaweza kuwa imeingiwa na mchwa, sisimizi au mjusi aliyekufa juu ya mto. Alama zilizochapwa kwenye ganda hazitutoshi, maana kuchapa alama ni rahisi kuliko kuacha milimita 8.

Kwa ajili ya kikao chenu kijacho, tunapendekeza mjadili haya: Ni vifaa gani katika parokia vinavyochomekwa ukutani na pia kushikwa kwa mkono, yaani maikrofoni, kinanda, simu, betri, na nani alivifungua mara ya mwisho? Je, fundi wenu ana kapasita za Y1 za akiba, na kama hana, kamati iko tayari kumnunulia kumi? Na bei ya chaja inapoletwa mezani, nani ataulizia upana wa mto? Majibu yaletwe kwa maandishi kupitia katibu wa kamati kabla ya toleo la robo ijayo. Wenye kifaa cha mashaka wakichomoe ukutani, wakifunge kwenye mfuko mkavu na kukituma bila kukifungua.