Kabla hujaandika bei ya mashine ya kuchongea vyuma

Wiki hii watu watatu wameniuliza swali lile lile: "Nimepata mashine ya kuchongea vyuma, used, niiweke bei gani?" Tunaongelea ile ya mkono, isiyo na kompyuta, ambayo chuma kinazunguka na kisu kinakula pembeni. Kuna wanaoiita kerezo.

Mimi huwa nawajibu kwa swali: mteja wako ataongeza shilingi ngapi mpaka mashine ikate kipande cha kwanza? Hiyo pesa inatoka kwenye bei yako, utake usitake.

Nililijua hilo kwa hasara. Niliwahi kumuuzia fundi wa mkoani mashine ya Uingereza iliyokuwa hapa Dar. Nikaifuta vumbi, nikapaka mafuta bedi ing'ae, nikapiga picha kali. Nikaandika "iko vizuri sana, bei maelewano". Akalipa, lori likapakia. Siku ya tatu simu ikaita. Karakana yake ina umeme wa njia moja, mota inataka njia tatu. Boksi la gia za kubadilishia halikuwepo. Chaki, lile shikio la meno matatu linalokamata chuma, lilikuja na seti moja tu ya meno. Yeye hakukosea kitu. Mimi ndiye sikuuliza na sikusema. Nililipia nusu ya nauli ya kuirudisha, kamisheni yangu yote ikaishia barabarani, na yule kaka hajawahi kununua kwangu tena.

Kwa hiyo tuanze na umeme. Tafuta kibati kwenye mota, kisugue, kisome, kipige picha. Kikiwa kimeandikwa 230/400V, na mota ni ndogo, mpaka kilowati 2.2 hivi, fundi umeme anaweza kuiendesha kwa inveta kutoka kwenye njia moja. Ikiwa ni 400V tu, mteja anahitaji njia tatu au abadilishe mota. Mashine za Japani zina jambo lake: kule njia tatu ni volti 200, kwa hiyo hapa kwetu inahitaji transfoma. Tena Japani ina masafa mawili, Tokyo ni hezi 50 na Osaka ni hezi 60. Mota ya hezi 60 ukiileta kwenye hezi 50 zetu, spidi inashuka kidogo, ile iliyozoea mizunguko 1,800 kwa dakika inakuja kwenye 1,500. Sio ugonjwa, ila mwambie mteja kabla hajaanza kudhani mashine imechoka.

Halafu bedi, zile reli ndefu ambazo gari la kisu linatembea juu yake. Hapa ndo pesa kubwa ilipo, na ndipo picha inapodanganya. Kazi nyingi hufanyika karibu na chaki, kwa hiyo bedi hulika upande huo na upande wa mwisho unabaki mpya. Rangi haikuonyeshi hilo. Sogeza gari karibu na chaki, kaza ile bolti ya kulifungia kidogo tu, liwe zito lakini linatembea. Sasa lisukume kuelekea mwisho wa bedi. Likikwama njiani, bedi imelika. Ukiwa na umeme fanya zaidi: muombe fundi akate nyondo ya milimita 150 hivi, apime kwa maikromita mwanzo na mwisho, na uandike tofauti hiyo kwenye tangazo. Wauzaji wengi wanaogopa kuiandika. Kwa uzoefu wangu fundi serious akiiona namba hiyo, hata kama sio nzuri, ndipo anaacha kuuliza "last price" na kuanza kuuliza mashine iko wapi.

Jingine ambalo madalali hawaliulizi ni inchi au milimita. Mashine nyingi za zamani za Uingereza zina skrubu ndefu ya inchi. Ili zikate nyuzi za milimita sawasawa zinahitaji gia ya meno 127, kwa sababu inchi moja ni milimita 25.4, na 127 ni 25.4 mara tano. Hiyo gia ikipotea, kuitafuta ni kazi. Ikiwepo kwenye boksi, ihesabu, ipige picha peke yake.

Sasa hesabu. Namba hizi ni za mfano, usizinakili. Tuseme mashine kama yako, kamili, inayokata, mtaani inatoka kwa 14,000,000. Yako haina chaki ya meno manne, 900,000. Gia hazijatimia, 600,000. Mteja wako mlengwa ana njia moja, inveta ni 1,100,000. Winchi na lori, 1,200,000. Jumla 3,800,000. Inabaki 10,200,000. Andika 10,500,000 uache nafasi ya kupunguziana. Ukiandika 13 kwa sababu jirani kaandika 13, simu zitaita na mashine italala.

Na usiangalie matangazo ya Uingereza ukaweka bei ya kule. Soko lao lina maajabu yake. Myford Super 7, kamashine kadogo kalikotengenezwa Beeston, Nottingham, kanaweza kuuzwa ghali kuliko Dean, Smith & Grace ya Keighley yenye uzito wa tani na ubora ambao mafundi wa kule wanausifu mpaka leo. Sababu ni kwamba wanunuzi wengi kule ni watu wa hobi. Wana gereji ya nyumbani, umeme wa njia moja, na hawana winchi. Lile dude kubwa nani atalipokea? Hapa kwetu mambo yamegeuka. Anayenunua ni fundi wa karakana anayechonga shafti za mashine za kusaga na spea za malori, anataka urefu na nguvu. Ukimletea Myford kwa bei ya Nottingham atacheka.

Tangazo langu siku hizi linakaa hivi:

"Mashine ya kuchongea vyuma, Harrison M300, ya Uingereza. Kipenyo juu ya bedi 330 mm, urefu kati ya senta mita 1, tundu la spindo 40 mm. Mota njia tatu, 400V tu, angalia picha ya kibati. Chaki ya meno matatu ipo na seti zote mbili, ya meno manne HAIPO. Gia tatu za kubadilishia hazipo. Bedi imelika kidogo upande wa chaki: nyondo ya mm 150 ina tofauti ya 0.04 mm. Video ya kukata ipo. Iko Dar, kupakia na nauli ni juu ya mnunuzi. Bei 10,500,000, maongezi yapo. Njoo na fundi wako."

Bei iko wazi, hakuna cha "njoo inbox". Fundi akipiga simu, muulize kwanza karakana yake ina umeme wa njia ngapi, ndipo mpange siku ya kuja kuiona.