Kofia Iliyofutwa Pichani



Leo tutafakari filamu ya dakika 32 tu. Inaitwa Nuit et brouillard, yaani Usiku na Ukungu, ya Mfaransa Alain Resnais, na ilitoka mwaka 1956. Ni nzito, jamani. Inaonyesha kambi za mateso za Wanazi: miili, na marundo ya nywele za wanawake. Halafu ghafla inakuja rangi, nyasi za kijani zimeota Auschwitz, kimya kabisa. Maneno yake aliyaandika Jean Cayrol, mshairi Mkatoliki aliyewahi kufungwa kambi ya Mauthausen. Hapigi kelele. Anasimulia kwa utulivu, na utulivu huo ndio unaouma.

Sasa, kofia. Kuna picha ya kambi ya Pithiviers, kusini mwa Paris, ambako Wayahudi walishikiliwa kabla ya kupelekwa Auschwitz. Askari amesimama analinda, na kofia yake inamtambulisha: ni Mfaransa, si Mjerumani. Wakaguzi wa filamu wa Ufaransa hawakutaka ionekane, ikabidi ifunikwe. Miaka mingi baadaye picha ilirudishwa ilivyokuwa, na watu wakaiona ile kofia.

Huyu askari alifanya nini hasa? Pichani hapigi mtu wala haui. Kasimama tu! Lakini maadili yetu yanatambua pia kushiriki uovu wa mwingine: kwa kuulinda, kwa kuunyamazia. Mwishoni mwa filamu kila mmoja anasema hahusiki, mnyapara hivyo hivyo, ofisa hivyo hivyo. Ni Adamu anamsukumia Hawa, Hawa anamsukumia nyoka. Na sisi je, picha ya aibu ya mwenzetu ikizunguka kwenye grupu la WhatsApp, tukaiangalia na kunyamaza, hatuhusiki?

Filamu ina kasoro kubwa pia: Wayahudi, waliolengwa kuangamizwa wote, wanatajwa kwa shida sana. Hapo mimi sikubaliani nayo. Hata hivyo, makaburi ya Wayahudi yalipovunjwa Carpentras mwaka 1990, televisheni za Ufaransa ziliirudia hewani.

Mkiitazama kikundini, watoto wadogo wasiwepo. Mkimaliza, kaeni kimya dakika tano kwanza, ndipo mjadili: nani aliogopa ile kofia isionekane, na kwa nini?