Darubini ya Bei Nafuu: Tusidanganywe na Namba

Wahenga walisema mwenye macho haambiwi tazama. Nami naongeza kwamba mwenye macho akitaka kutazama mbali huhitaji darubini, na kabla ya kuinunua darubini huhitaji rula. Rula ya nini tena? Nifuateni pole pole, maana somo hili mimi nililipia ada, tena kwa pesa ambazo hazikuwa zangu.

Yote yalianza chamani, siku tulipobishana juu ya neno "korongo". Kundi moja lilishikilia kwamba korongo ni ndege mwenye miguu mirefu. Kundi la pili likasema la hasha, korongo ni mnyama mwenye pembe. Mwalimu mlezi alituacha tupigane kwa maneno hadi tukachoka, kisha akafungua kamusi. Kumbe wote tulikuwa na haki! Ndipo akatueleza kwamba yule mnyama, hapa kwetu Kenya, amebaki katika Mbuga ya Kitaifa ya Ruma, bonde la Lambwe, Kaunti ya Homa Bay, na kwamba sensa ya wanyamapori ya mwaka wa 2021 ilihesabu korongo 15 tu. Tukaazimia kwenda kumwona kabla hajabaki kwenye kamusi peke yake.

Mimi nikiwa mweka hazina nilipewa shilingi 1,800 ninunue darubini mjini Migori. Sehemu ya pesa hizo ilitokana na mauzo ya jarida hili hili unalolisoma. Nilimkuta mchuuzi mmoja amepanga darubini ndogo za kukunja, lenzi zake nyekundu zikimeremeta kama macho ya paka usiku. Juu yake imeandikwa 30x60. "Omera," akaniambia, "hii inaona mpaka Tanzania!" Nikajiambia, 30 ni nyingi kuliko 8, basi hii ni kali. Nikalipa, nikarudi shuleni kifua mbele.

Siku ya safari tulifika Ruma asubuhi. Mbuga yenyewe ina ukubwa wa kilomita mraba 120 hivi, nyasi ndefu, na mbung'o wanaouma hata juu ya sweta. Tuliwaona twiga karibu na njia, hao hawahitaji darubini. Kisha mlinzi wa wanyama akasimamisha gari, akanyosha kidole upande wa mteremko wa Kanyamwa. Mbali sana kulikuwa na wanyama watatu wa rangi ya kahawia. Je, ni korongo au kongoni? Kwa macho matupu wanafanana. Korongo ana uso wenye mabaka meusi na meupe kama aliyevaa barakoa, masikio marefu, na pembe zilizopinda kwenda nyuma. Kongoni ana uso mrefu mwembamba na mgongo ulioteremka. Ni lazima uuone uso ndipo ujue.

Nikainua darubini ya chama. Jamani! Niliona ukungu wa kijani, na kila mnyama alikuwa wawili. Nikazungusha gurudumu huku na huku, wapi! Msichana mmoja wetu alikuwa na darubini kuukuu ya babu yake, ndogo kama kiganja, imeandikwa 8x21. Akatazama mara moja akasema, "Ni korongo. Naona uso wake." Darubini ile ikapita mikononi mwa watu wanne tu, kisha wanyama wakaingia nyuma ya miti. Tulikuwa kumi na wanne. Mimi nilikuwa wa tano kwenye foleni.

Hakuna aliyenigombeza, na hilo ndilo lililoniuma zaidi. Tuliporudi nilikwenda kwa mwalimu wa Fizikia na ile darubini mkononi. Haya yafuatayo ni niliyojifunza kwake na katika majaribio yetu baadaye.

(a) Maana ya namba

Darubini huandikwa namba mbili, kwa mfano 8x21. Namba ya kwanza ni ukuzaji: kitu kilicho mita 80 utakiona kana kwamba kiko mita 10. Namba ya pili ni kipenyo cha lenzi ya mbele kwa milimita. Lenzi hii ndiyo mlango wa mwangaza. Mlango ukiwa mpana, mwangaza mwingi huingia.

Sasa lete rula. Darubini yangu ilidai lenzi ya milimita 60. Lenzi mbili za namna hiyo zikikaa bega kwa bega ni milimita 120, yaani sentimita 12, na hapo hujahesabu hata kikombe kinachozishika. Darubini nzima ilikuwa inaingia mfukoni! Nikapima lenzi, nikapata milimita 22. Uongo wa mchana.

Na ile 30 je? Shika darubini mbali na uso, ielekeze kwenye anga nyeupe, kamwe si kwenye jua. Katika lenzi ya jicho utaona duara dogo la mwangaza. Kipenyo cha lenzi ya mbele ukikigawanya kwa kipenyo cha duara hilo, unapata ukuzaji wa kweli kwa makadirio. Duara letu lilikuwa karibu milimita 3. Basi 22 gawanya kwa 3 ni 7 na kitu. Ile "30" ilikuwa 7 au 8!

(b) Namba gani inatufaa?

Wengi hudhani ukuzaji mkubwa ni bora. Sivyo. Darubini hukuza pia mtetemeko wa mkono. Ukikuza mara 30, na mtetemeko umekuzwa mara 30, kwa hiyo picha inacheza kama mashua siku ya dhoruba. Kwa darubini ya kushika mkononi, 8 inatosha na 10 ndio mwisho. Tena ukuzaji ukizidi, aghalabu eneo unaloliona hupungua. Pengine utaona imeandikwa 126m/1000m, maana yake kitu kikiwa mbali mita 1000 unaona upana wa mita 126. Upana huu ni muhimu kwa viumbe wepesi. Yule mbayuwayu wa buluu, ambaye huja Ruma kutoka kusini kati ya Aprili na Septemba, ukimtafuta kwa tundu jembamba atakuwa amekwisha kupita.

Kumbuka pia mwangaza. Mboni ya jicho mchana hufunguka milimita 2 au 3. Darubini ya 8x21 hutoa duara la milimita 2.6, kwa hiyo mchana jicho linashiba. Jioni mboni hupanuka hadi milimita 5 au zaidi, na hapo darubini ndogo huonyesha giza. Mwenye 8x42 anapata duara la zaidi ya milimita 5, lakini chombo ni kizito na bei iko juu. Kwa hiyo mwenye pesa kidogo achukue 8x21 au 8x25, ila ajue kazi yake ni ya mchana.

(c) Jinsi ya kuijaribu dukani

Usione haya, kuuliza si ujinga. Muuzaji akikataa usiijaribu, mwage kwaheri.

Kwanza, itikise karibu na sikio. Ikilia kokoto, kuna kitu kimelegea.

Pili, pima lenzi kwa rula kama nilivyoeleza.

Tatu, tazama rangi ya lenzi. Lenzi nyekundu sana huvutia macho lakini hurudisha nje mwangaza mwekundu, ndiyo sababu nyasi za Ruma zilionekana kwangu kama ndani ya chupa ya kijani. Mng'ao hafifu wa kijani au zambarau ni afadhali.

Nne, tazama ukingo wa paa au mlingoti ulio mbali. Ukiona vitu viwili badala ya kimoja, mapipa mawili ya darubini hayaelekei sehemu moja. Ugonjwa huo hautibiki kwa gurudumu, na kichwa kitakuuma bure. Irudishe.

Tano, angalia lile duara la mwangaza. Likiwa mviringo kamili, vizuri. Likiwa na kingo za kijivu kama linataka kuwa mraba, vioo vya ndani ni vya daraja la chini.

(d) Jinsi ya kuitumia

Nilishangaa kujua kwamba hata darubini nzuri huonyesha ukungu mikononi mwa asiyeijua. Fanya hivi. Kunja bawaba ya katikati mpaka uone duara moja, si mawili. Kisha funga jicho la kulia, utazame kwa la kushoto, uzungushe gurudumu la kati mpaka kitu kiwe wazi. Sasa funga la kushoto, utazame kitu kile kile kwa la kulia, lakini usiguse gurudumu. Zungusha pete iliyo kwenye lenzi ya jicho la kulia. Kumbuka pete ilipokaa. Kuanzia hapo unatumia gurudumu peke yake. Wenye miwani wasiivue. Wakunje tu vile vikombe vya mpira.

Ukimwona ndege, usiteremshe macho kuitafuta darubini. Macho yabaki kwa ndege, mkono ulete darubini machoni. Bana viwiko kifuani au uegemee mti. Garini, mwombe dereva azime injini. Kamba iwe shingoni daima.

Ukipata vumbi kwenye lenzi, lipulize kwanza ndipo upanguse kwa kitambaa laini. Kupangusa kwa ncha ya shati lenye vumbi ni kama kusugua kwa msasa. Na kwa kuwa sisi wa kandokando ya ziwa tuna unyevu mwingi, usiifungie darubini ikiwa mbichi, kuvu huota ndani ya lenzi.

Onyo mawili. Usitazame jua kwa darubini hata nukta moja, utapofuka. Pili, tuwe na adabu. Ufukweni kwetu watu huoga na kufua. Darubini si ya kuchungulia watu wala boma za wenyewe.

Tamati

Muhula uliofuata tulichanga tena. Safari hii tulikwenda dukani watatu, rula mfukoni, tukajaribu darubini sita, tukanunua 8x21 ya kawaida isiyomeremeta. Tuliizindua kwenye ziwa la Simbi Nyaima, karibu na Kendu Bay. Flamingo walikuwa ng'ambo, mstari wa waridi tu kwa macho matupu. Kwa darubini tuliwaona wakipitisha midomo majini kichwa chini, na kila mmoja wetu alipata zamu yake. Tumepanga pia kuipeleka Thimlich Ohinga, Kaunti ya Migori, tuone jinsi mawe ya juu ya kuta zile yalivyopangwa bila chokaa wala saruji, maana hairuhusiwi kuzipanda.

Ile 30x60 ingali kabatini mwa chama. Mwalimu alikataa tuitupe. Kila mwanachama mpya hupewa pamoja na rula, akaambiwa atafute uongo uko wapi.

Nami korongo wa Ruma mpaka leo sijamwona. Mwenzangu atakayetangulia kumwona, na aniandikie uso wake ulivyo katika toleo lijalo.

Zoezi

1. Darubini imeandikwa 10x25. Duara lake la mwangaza lina kipenyo cha milimita ngapi? Je, itafaa saa kumi na mbili unusu jioni? Eleza.

2. Mchuuzi anakuuzia darubini ya 20x50 inayoingia mfukoni mwa shati. Andika mazungumzo kati yenu, ukitumia methali mbili.

3. Tunga sentensi mbili kuonyesha maana mbili tofauti za neno "korongo".

Majibu apelekewe mwalimu mlezi.